Jukwaa, kamera na riwaya: dada wa Igoma anauliza ashike lipi

SWALI

"Shikamoo mwalimu. Nina miaka 26, naishi Igoma hapa Mwanza. Tangu sekondari nipo kwenye kikundi cha maigizo. Tunaonyesha mashuleni, na tukipata kazi ya mradi tunazunguka visiwani. Mwaka jana niliitwa kwenye filamu moja iliyopigwa Kayenze, nikashika kontinyuiti, yaani kuhakikisha vitu vinalingana kutoka picha hadi picha. Usiku naandika riwaya, nimefika sura ya tisa. Inahusu binti wa mchuuzi wa dagaa Mwaloni anayetaka kuuza mashine ya boti aliyoiacha marehemu baba yake. Kaka yangu anasema mshika mbili moja humponyoka, na mimi nimeshika tatu. Sasa prodyuza wa ile filamu ameisikia hadithi yangu, ameipenda, amenipa karatasi nisaini ili nimwandikie skripti. Nichague lipi kati ya haya matatu? Na hiyo karatasi nisaini?"

JIBU

Marahaba, mdogo wangu. Karatasi usiisaini kwanza. Iweke kabatini, nitairudia huko chini, maana jibu lake linategemea utakavyolielewa swali la kwanza.

Kaka yako usimwone adui. Anachokiona yeye ni dada asiye na mshahara, anayerudi usiku kutoka mazoezini na kuwasha taa tena aandike. Ila amekosea kwenye hesabu: anahesabu kazi tatu, wakati wewe una hadithi moja na ufundi mmoja wa kujenga tukio, unaoupeleka kwa waajiri watatu wenye kalenda tofauti na namna tofauti za kulipa. Ukichanganya sanaa hizi haidhuru. Kinachowamaliza wasanii wengi ni kuchanganya ratiba na kuchanganya haki za kazi zao.

Na wala hujaanzisha jambo geni. Hapo ng'ambo tu, Namagondo kisiwani Ukerewe, ndiko alikozaliwa Euphrase Kezilahabi mwaka 1944. Wengi shuleni walimsoma kama mtu wa riwaya, wengine wanamkumbuka kwa mashairi yake yasiyofuata vina na mizani, lakini ameacha pia tamthilia, Kaptula la Marx, aliyoiandika miaka ya 1970 ikaja kuchapishwa 1999. Emmanuel Mbogo ameandika riwaya zilizosomwa na watoto wa sekondari nchi nzima, na ni huyo huyo aliyemchukua Ng'wanamalundi, yule mcheza ngoma na mganga ambaye Wasukuma hawajaacha kumsimulia, akampandisha jukwaani katika tamthilia. Amandina Lihamba ameandika tamthilia, ameongoza, amefundisha hadi uprofesa, na ukitazama filamu ya Maangamizi utamkuta mbele ya kamera.

Tusidanganyane lakini. Karibu wote hao walikuwa na mshahara wa chuo kikuu mwisho wa mwezi. Ulitumika kununua muda, na muda huo ndio uliozaa vitabu. Wewe mshahara huo huna, kwa hiyo usiige maisha yao moja kwa moja. Iga namna walivyoihamisha hadithi kutoka umbo moja kwenda jingine.

Ukitaka mfano wa zamani zaidi, nenda Bujora wakati wa Bulabo, sikukuu ya ngoma za Wasukuma, mwezi wa sita. Bagika na Bagalu, makundi mawili yanayoshindana, wanacheza kwa wakati mmoja, uwanja mmoja, na watazamaji wanatembea kuelekea kwa anayewavuta. Manju pale anatunga wimbo, anauimba, anapanga wachezaji, anaamua nani ataingia na nyoka na nani ataingia na jembe, na hakuna anayemuuliza kama yeye ni mwandishi au mwelekezi. Nakutajia Bujora kwa sababu nyingine pia: mtazamaji wa pale ana miguu. Ukimchosha, anaondoka ukimwona. Mtu aliyelelewa na hadhira ya namna hiyo ana bahati ambayo mwandishi wa chumbani hana, na wewe umeipata mashuleni na visiwani. Usiidharau.

Sasa tuje kwenye hadithi yako.

Kuna kisa kimoja ambacho wote wanaofanya kazi kama yetu wangefaa kukifuatilia. Sembene Ousmane wa Senegali alikuwa kuli bandarini Marseille, akawa mwandishi wa riwaya kwa Kifaransa. Baadaye akaona kwamba wengi aliokuwa akiwaandikia hawawezi kusoma lugha hiyo, akaenda Moscow kujifunza filamu wakati tayari ni mtu mzima mwenye vitabu. Miaka ya 1960 aliandika hadithi ya mzee anayetumiwa hawala ya fedha kutoka Ufaransa na kushindwa kuitoa kwa sababu ya urasimu na ndugu wenye njaa. Mwaka 1968 aliitengeneza filamu mwenyewe. Mwaka 1980 Lihamba akaitoa kwa Kiswahili kama tamthilia, Hawala ya Fedha. Kisa ni kilekile, lakini kila umbo limebeba kitu ambacho jingine lisingeweza kukibeba.

Tukio lako la binti na mashine tulijaribu hivyo hivyo. Nimempa binti jina la Kabula ili tuweze kuzungumza. Baba mdogo hataki mashine iuzwe. Jukwaani ningeandika hivi:

KABULA: Mteja yuko njiani, ba'mdogo.
BA'MDOGO: (Anaketi juu ya mashine.) Mteja wa nini?
KABULA: Unajua.
BA'MDOGO: Ninachojua nimechoka, na nimepata pa kukaa.

Basi. Mwili wa mtu umekaa juu ya urithi. Watazamaji mia tatu kwenye ukumbi wa shule wanaliona hilo kwa pamoja, wanacheka, halafu wanaanza kusubiri: atainukaje? Hutahitaji maelezo yoyote kuhusu ukoo. Sekunde zote zinazofuata ni mali yako, kwa sababu kuna kitu kimoja jukwaani na watu wawili wanakigombea.

Kwenye skripti tukio hilohilo ningeliweka mapema zaidi, kabla hata baba mdogo hajafika:

NJE. MWALONI, KIRUMBA. ALFAJIRI.
Wabeba mizigo wanashusha magunia ya dagaa. Nyuma yao, KABULA amechuchumaa mbele ya mashine ya farasi 15. Kwenye kifuniko kuna jina limeandikwa kwa rangi nyeupe, kwa mkono. Anachovya kitambaa kwenye mafuta ya taa, anasugua. Herufi ya kwanza inafutika. Anaitazama. Anakunja kitambaa, anakirudisha mfukoni.

Hakuna aliyesema neno. Kamera inaweza kukaribia herufi moja, kitu ambacho jukwaa haliwezi. Mtu wa benchi la nyuma asingeiona. Na ona kwamba sikuandika "anamkumbuka baba yake". Dairekta hawezi kupiga picha ya kukumbuka. Anapiga picha ya mkono na kitambaa.

Halafu riwaya:

"Siku mashine ilipoletwa nyumbani kwa mkokoteni, Kabula alikuwa na miaka saba, na mama yake aliitandikia mkeka sebuleni kana kwamba ni mgeni kutoka Bukoba. Ililala pale wiki nzima ikinuka petroli mpya. Baba alikuwa akiigusa akipita, kwa vidole viwili, jinsi watu wanavyogusa paji la uso la mtoto mwenye homa. Deni lake lilikuja kulipwa miaka minane baadaye, na siku hiyo hakuna aliyesherehekea, kwa kuwa kufikia hapo mashine ilikuwa imeshaanza kula mafuta na baba ameshaanza kukohoa."

Miaka minane imepita ndani ya sentensi moja. Jaribu kufanya hivyo kwenye filamu uone utahitaji watoto wangapi wa kuigiza Kabula. Riwaya inakupa muda na inakupa kichwa cha mtu kwa ndani, na haikudai hela. Ukitaka kuzamisha meli nzima sura ya kumi na mbili, utatumia wino tu. Mwambie prodyuza azamishe hata mtumbwi: atahitaji boti ya kamera, boti ya waigizaji, maboya ya kila mtu, mafuta, na mtu wa kukaa na redio ufukweni. Upepo wa mchana nao utaanza kuvuma kutoka ziwani na kumharibia mtu wa sauti kila kitu. Ulikuwa Kayenze, bila shaka uliona.

Nimekaa sana hapa kwa sababu hapa ndipo miswada mingi ninayoletewa huvunjika. Mtu wa jukwaa akiandika riwaya, wahusika wake hawanyamazi. Kila mmoja anaeleza anachohisi kwa sauti ya kumfikia mtu wa mlangoni. Mtu wa filamu akiandika riwaya, kila sura inaanza alfajiri kwa picha ya jua na inakatwa pale msomaji alipoanza kupata joto. Naye mwandishi wa riwaya akipewa skripti anajaza kurasa mawazo ambayo hakuna lenzi itakayoyaona. Wewe umepita kote, hivyo unaweza kupatwa na magonjwa yote matatu kwa mpigo. Dawa yake ni kuisoma sura yako ya tisa ukijiuliza swali moja tu: je, hii ingefanya kazi vizuri zaidi jukwaani? Kama jibu ni ndiyo, sura hiyo bado haijawa riwaya.

Ila kazi yako ya kontinyuiti itakusaidia kwenye kitabu kuliko unavyodhani. Mshika kontinyuiti ndiye anayejua kwamba kitenge kilikuwa bega la kushoto na kwamba chai ilikuwa nusu kikombe. Ingia na jicho hilo kwenye mswada. Mfano: wavuvi wa dagaa huingia ziwani siku za giza, kwa sababu wanavuta samaki kwa taa, zamani karabai na siku hizi nyingi ni za sola. Mbalamwezi ikiwa kubwa hupumzika, wanashona nyavu. Basi kama sura ya nne umemtoa baba kwenda kuvua dagaa usiku wa manane, halafu ukaweka mwezi mpevu ukiangaza mawimbi kwa sababu unapendeza, msomaji wa Kayenze atafunga kitabu. Chora kalenda ya riwaya yako, siku kwa siku, pamoja na mwezi, kama ulivyochora ile ya filamu. Na kwenye skripti kumbuka kipimo chao cha kawaida, ukurasa mmoja kwa takriban dakika moja. Filamu ya saa moja na nusu ni kurasa tisini hivi, ambazo haziwezi kubeba sura zako zote tisa na zile zijazo. Kuna watu utawatoa na ndoa utazivunja kabla hazijafungwa. Ndiyo kazi yenyewe.

Fedha. Jukwaa linalipa haraka na kidogo. Posho ya onyesho, nauli, chakula. Kazi za miradi ndizo zinazolipa vizuri kidogo: afya, kichocho, UKIMWI kambini kwa wavuvi, uvuvi haramu. Wapo wanaozibeza kwamba si sanaa, na kweli nyingi ni mahubiri yaliyovishwa maleba. Ila mkoa wetu una historia nzito katika hili. Mwanzoni mwa miaka ya 1980 Penina Mlama, Lihamba na wenzao wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam walikwenda Malya, wilayani Kwimba, wakakaa na wanakijiji, wakachunguza nao matatizo yao, wakatengeneza nao maonyesho kwa ngoma na maigizo ya palepale, kisha wakajadiliana baada ya onyesho. Watu wa nje bado wanaisoma Malya kama mfano. Kikundi chenu kikienda Ukara au Kome kikiwa kimejifunza kuuliza kabla ya kuigiza, kazi ya mradi inageuka kuwa utafiti wa riwaya yako, na umelipwa nauli.

Filamu hulipa kwa mkupuo halafu kimya. Wiki tatu unafanya kazi mpaka huoni mtu, halafu miezi simu haiiti. Fedha yake usiihesabu kama mshahara. Itenge iwe ya miezi ya kuandika.

Riwaya ndiyo inayochelewa kuliko zote. Aniceti Kitereza, naye wa Ukerewe, alimaliza riwaya yake kwa Kikerewe mwaka 1945, hakupata wa kuichapisha, akaitafsiri mwenyewe kwa Kiswahili, na ilitoka 1980. Wewe hutangoja miaka 35, lakini kati ya mswada na kitabu kuna mhariri, foleni ya mchapishaji, na uchapaji. Kisha unalipwa mrabaha, yaani fungu lako la mauzo, ambao mara nyingi huzunguka asilimia 10. Uliza asilimia 10 ya nini. Ya bei ya dukani na ya fedha iliyomfikia mchapishaji ni vitu viwili tofauti kabisa. Soko kubwa la kitabu cha Kiswahili Tanzania ni shule, na kitabu kikipangwa kusomwa sekondari kinauzwa miaka. Usiandike kwa ajili ya hilo, ila ujue lipo. Tuzo nazo zipo: ile ya Mwalimu Nyerere ya uandishi bunifu, inayosimamiwa na Taasisi ya Elimu Tanzania, ilitoa washindi wake wa kwanza Aprili 2023, na ile ya fasihi ya Kiswahili iliyoanza 2014 kwa jina la Mabati-Cornell, baadaye Safal-Cornell, imekuwa ikipokea hata miswada ambayo haijachapishwa. Mswada uliokamilika, lakini. Sura tisa hazishindanishwi.

Hukutaja redio, nami nakushangaa. Mji huu una Radio Free Africa, una stesheni nyingine za jirani, na Watanzania wa umri wangu walikaa vikao kusikiliza Twende na Wakati tangu 1993. Mchezo wa redio ni mazungumzo ya jukwaani yaliyonyang'anywa mwili, kwa hiyo mtu wa maigizo anaujua nusu yake tayari, na hauhitaji kamera wala ukumbi. Ukipata vipindi vifupi vya kuandika, chukua.

Kwa hiyo usigawanye maisha kwa sanaa, yagawanye kwa msimu. Masika ikianza watu wa filamu wanaogopa kupiga nje. Mwezi wa tatu mpaka wa tano ni yako na riwaya. Kiangazi, mwezi wa sita hadi wa tisa, ndiko lokesheni zinakoamka, na ndipo uitike ukiitwa. Maigizo ya shule yanafuata mihula. Kwenye kikundi omba jukumu moja tu kwa mwaka huu, kuigiza au kuongoza, usichukue yote pamoja na kuweka hazina. Najua vikundi vyetu: anayejua kuandika ndiye anayegeuzwa katibu, na anayejua kuandika vizuri anaandika hadi risiti.

Na ukijitambulisha kwa mtu, usimpe orodha. "Mwigizaji, mwandishi, dairekta, MC" kwenye kadi moja inamfanya msomaji asiamini hata moja. Kwa mchapishaji wewe ni mwandishi wa riwaya aliyetoka jukwaani. Kwa prodyuza wewe ni mshika kontinyuiti anayejua kuandika. Kila mlango una utambulisho wake, na wote ni ukweli.

Sasa karatasi.

Hujanitumia, lakini karatasi nyingi za namna hiyo nimeziona. Huwa ni ukurasa mmoja, na kuna mstari unaosema mwandishi anampa prodyuza "haki zote za hadithi, kwa namna zote, milele". Mstari huo ukiusaini, riwaya yako nayo imekwenda. Ukitaka kikundi chenu kiigize kisa cha mashine ya boti pale uwanja wa Furahisha, utaomba ruhusa kwa mtu mwingine.

Elewa kwamba hadithi moja ina haki nyingi ndani yake, na kila moja inauzwa peke yake: kitabu, jukwaa, filamu, redio, tafsiri, mwendelezo. Kwa Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya 1999, kazi yako inalindwa tangu ulipoiandika, na ulinzi huo unadumu maisha yako yote na miaka 50 baada ya kufa kwako. Kusajili COSOTA, ofisi ya hakimiliki, sio kunakokupa haki, ila kunakupa ushahidi siku ya ugomvi, basi sajili. Jambo ambalo wengi hawalijui ni kwamba wazo halilindwi. "Binti anauza mashine ya baba" ni wazo, mtu yeyote anaruhusiwa kulitumia. Kinacholindwa ni jinsi ulivyoliandika: Kabula wako, matukio yako, maneno yako. Na wewe umemsimulia prodyuza kwa mdomo. Kwa hiyo kabla hujakutana naye tena, andika muhtasari wa kurasa tatu au nne, uunganishe na zile sura tisa, viwe na tarehe, vitume kwenye barua pepe yako mwenyewe, kisha usajili.

Halafu mpe pendekezo lako. Usimuuzie haki ya filamu moja kwa moja. Mkodishie nafasi: kwa malipo fulani, yeye peke yake ana haki ya kuandaa filamu ya hadithi hii kwa miezi 18, tuseme. Akiingia lokesheni ndani ya muda huo, analipa bei kamili ya haki ya filamu, ambayo mmeshaiandika. Muda ukipita bila kamera kuwashwa, haki inarudi kwako na ile fedha ya kwanza hairudishwi. Adam Shafi alichapisha Vuta n'kuvute mwaka 1999, filamu yake iliyoongozwa na Amil Shivji ikatoka 2021. Hadithi nzuri inaweza kungoja miaka 22 kumpata mtu wake. Ukiwa umeiuza milele kwa mtu wa kwanza aliyeipenda, naye akaiweka kabatini, yule wa pili atamkuta nani?

Kazi ya kuandika skripti ni mkataba mwingine, usikubali vichanganywe. Hapo unalipwa kwa hatua: muhtasari, rasimu ya kwanza, marekebisho, na kiasi fulani siku ya kwanza ya kupiga picha. Andikeni marekebisho ni mangapi. Yasiyo na idadi huwa hayaishi. Jina lako liandikwe jinsi litakavyosomeka kwenye filamu na kwenye bango. Na kuwe na sentensi inayosema wazi kwamba riwaya, jukwaa na redio vinabaki kwako. Muulize pia kibali cha Bodi ya Filamu atakishughulikia nani. Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza ipo tangu 1976, na prodyuza anayeshtuka kuulizwa hilo amekujibu mengi. Afisa utamaduni wa halmashauri atakueleza taratibu za sasa bila kukutoza kitu.

Kuna swali moja ambalo huenda hujajiuliza. Je, kuna tukio lolote la riwaya hii lililozaliwa kwenye mazoezi ya kikundi? Maana nyinyi mnatunga mkiwa mmesimama, huyu anatupa neno, yule analidaka. Kama kile kisa cha kukaa juu ya mashine, kwa mfano, kingekuwa kilibuniwa na mwenzako, basi si chako peke yako kukiuza. Kaeni chini kabla fedha haijaonekana, andikeni kwa ukurasa mmoja ni kipi cha kikundi na kipi cha mtu. Fedha ikishaonekana, kumbukumbu za watu hubadilika.

Ukiniuliza sasa uanze na lipi, nitasema maliza rasimu ya kwanza ya riwaya kabla ya kugusa skripti. Skripti inagandisha hadithi. Ukishaambiwa hakuna bajeti ya kisiwa, kisiwa kitatoka kichwani mwako pia. Ukishamwona mwigizaji fulani kama ba'mdogo, hutaweza tena kumwona ba'mdogo wako mwenyewe. Jukwaa liendelee kukulisha kwa jukumu moja, filamu uitike kiangazi, kitabu kipate masika yote. Kaka yako mwonyeshe daftari la mapato na tarehe zake badala ya kumweleza ndoto. Watu wenye wasiwasi hutulia wakiona daftari.

Prodyuza usimkalie kimya, maana kimya kwenye biashara hii kinasomwa kama kiburi. Mwandikie leo: "Kaka, asante kwa kuipenda hadithi. Niko tayari tufanye kazi. Karatasi nimeisoma, ningependa tutenganishe haki ya filamu na kazi ya skripti, na riwaya ibaki kwangu. Nipe siku nikuletee pendekezo langu kwa maandishi." Akijibu kwamba ni karatasi ileile au basi, mshukuru, muachane vizuri, na mwakani akikuita kontinyuiti nenda. Akikubali kuzungumza, nitumie picha ya hiyo karatasi kabla hamjakutana, pande zote mbili, kwa sababu masharti ya malipo hupenda kukaa upande wa nyuma.